Mholanzi aliyepandisha maji mlima kwa penseli

Huku Wasso baridi inatukong'ota asubuhi. Wiki hii naomba tuyaweke kando mambo ya wake wenza na madeni ya mnadani. Chukua kalamu na karatasi. Chora mstari mmoja uliolala, kisha katikati yake simamisha mwingine wenye urefu ule ule, upime kwa rula kabisa usije ukasema nakuonea. Tayari? Haya, tazama. Uliosimama unaonekana mrefu kuliko uliolala. Pima tena. Sawa sawa! Jicho lako mwenyewe limekudanganya mchana kweupe, na hata baada ya kushika rula bado linang'ang'ania uongo wake.

Usione haya, hauko peke yako. Mwaka 1966 wataalamu watatu wa Marekani, Segall, Campbell na Herskovits, walitoa kitabu baada ya michoro ya namna hii kuonyeshwa watu wa nchi na makabila mbali mbali, wakiwemo Watoro na Wanyankole wa Uganda. Katika mchezo huu wa mstari uliosimama, jirani zetu hao, watu wa nchi ya juu iliyo wazi, walikuwa miongoni mwa walionaswa vibaya zaidi. Lakini uko mchoro mwingine, wa mistari miwili iliyo sawa, mmoja umewekewa ncha za mishale na mwingine ncha hizo zimegeuzwa. Huo ndio uliowatia aibu Wamarekani. Wao wakaona mmoja mrefu, mwingine mfupi. Wawindaji wa Kisan wa kusini mwa Afrika walinaswa kidogo mno. Wataalamu wakakisia kwamba mtu aliyekulia kwenye nyumba za pembe pembe, meza za pembe, madirisha ya pembe, jicho lake limezoea kupima umbali kwa kutumia kona, kwa hiyo ukimchorea kitu chenye sura ya kona, umemkamata. Nilipowasomea habari hiyo jamaa zangu wa Kimasai hapa sokoni, ambao bibi zao waliwalea kwenye nyumba zisizo na kona, walicheka hadi nikaona gharama ya chai niliyowanunulia imerudi.

Sasa kulikuwa na mtu aliyeifanya kazi ya kulikamata jicho kuwa kazi yake ya maisha. Anaitwa Maurits Cornelis Escher, Mholanzi, aliyezaliwa mwaka 1898. Waswahili tuna neno letu zuri kwa kazi yake: kiinimacho. Tofauti ni kwamba mfanya mazingaombwe wa mtaani anaficha kitu mkononi. Huyu hakuficha kitu. Kila alichofanya kipo mbele yako kwenye karatasi, na bado hujui umeibiwa wapi.

Picha yake inayotajwa kuliko nyingi ni ya mwaka 1961, iitwayo Maporomoko ya Maji. Kuna kinu cha maji. Maji yanaanguka kutoka juu, yanazungusha gurudumu, kisha yanaingia kwenye mfereji wa kuta za matofali, yanakwenda mbali, yanakata kona, yanakata kona tena, yanakata nyingine, mara unashangaa yamefika pale pale juu yalikoangukia! Yanaanguka upya. Huku nyuma kuna mashamba ya matuta, na chini mama mmoja anaanika nguo kama vile hakuna la ajabu linalotokea nyumbani kwake.

Nilikwenda kuitoa kwenye karatasi kwa vijana wa stesheneri, nikaingia nayo mgahawani. Alikuwepo mzee mmoja wa Kibatemi, hawa ambao wengi tunawaita Wasonjo, kaja Wasso kwa shughuli zake. Nyote mnajua Wabatemi na maji. Ni mifereji yao ya tangu enzi ndiyo inayolisha mashamba ya akina Samunge na Digodigo, bila pampu, mteremko mtupu, na baraza la wazee, wenamiji, ndilo linaloamua nani afungue maji lini. Nikasema moyoni, huyu ndiye jaji wangu.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Hiyo ni ramani ya wapi?"

Nikampa. Akasogeza kikombe. Akaweka kidole chini ya gurudumu, akaanza kuyafuata maji. "Hapa yanateremka," akasema. Kona. "Hapa pia yanateremka." Kona nyingine. "Hapa sawa." Kidole kikafika juu. Akanyamaza. Akaanza upya, safari hii polepole zaidi. Halafu, msomaji wangu, akaigeuza karatasi kuangalia mgongoni!

"Mwanangu, huyu fundi sioni alipokosea. Kila kipande cha mfereji wake ni kizuri. Sasa maji yamefikaje juu?"

"Ndilo swali lenyewe, mzee."

Kijana mmoja meza ya jirani akaropoka, "Si kuna pampu."

"Nyamaza wewe. Pampu ingeonekana."

Mzee yule, bila kusoma kitabu hata kimoja cha sanaa, alikuwa ameitaja siri yote. Kila kipande ni kizuri. Uongo haukai mahali popote pa kuonyesha kwa kidole. Unakaa kwenye jumla. Shina la kiinimacho hicho ni pembetatu ya magogo matatu. Kona ya kwanza unaona magogo mawili yamekutana kwa pembe mraba, sawa. Ya pili vile vile. Ya tatu vile vile. Sasa rudi darasa la saba: pembe za pembetatu zikijumlishwa ni digrii 180, lakini pembe mraba tatu ni 270. Kitu hicho hakiwezi kujengwa na fundi yeyote duniani, ila karatasi haina mbele wala nyuma, inakubali kila unachoiambia. Kwenye Maporomoko ya Maji pembetatu hiyo imetiwa mara tatu, ikavalishwa nguzo na matofali.

Nasikia msomaji wa Machakos ananiambia kwao hiyo ipo kweli, pale Kyamwilu, ambapo gari huachwa bila gia likapanda lenyewe na maji yakimwagwa barabarani yanaelekea mlimani. Ipo, na watu wanaifuata kutoka mbali. Lakini pale barabara inateremka. Ni vilima vya pembeni vilivyokaa kihasara hasara hadi jicho likakosa mahali pa kupimia usawa. Kwa maneno mengine Kyamwilu ni Escher aliyechorwa na milima.

Haki ya mtu ni yake, kwa hiyo niseme pia kwamba pembetatu ile haikuanzia kwake. Mwaka 1934 kijana wa Uswidi, Oscar Reutersvärd, akiwa darasani bado mwanafunzi, alikuwa anachora chora pembezoni mwa kitabu akajikuta ameipanga kwa vijisanduku tisa. Alichora viinimacho maishani mwake mwote, na mwaka 1982 posta ya Uswidi ikatoa stempu zenye michoro yake. Halafu mwaka 1958 Waingereza wawili, Lionel Penrose na mwanawe Roger, wakaiandikia makala wao wenyewe, bila kujua habari za Mswidi huyo. Roger alikuwa ameona maonyesho ya Escher mjini Amsterdam mwaka 1954, ulipofanyika mkutano mkuu wa wanahisabati wa dunia, akatoka pale kichwa kinamzunguka. Makala ikamfikia Escher, na humo akapata ngazi ya kupanda isiyofika juu, aliyoichora 1960, na maporomoko yale ya 1961. Roger huyo huyo ndiye aliyepata Nobel ya fizikia mwaka 2020.

Sasa nieleze kwa nini nimeng'ang'ana na Mholanzi huyu wiki hii. Kuna baba mmoja hapa Wasso, jirani, mtu wa heshima zake. Kitinda mimba wake ndiye aliyechora mabango karibu yote mapya ya mtaa wetu: la kinyozi, la mama ntilie, la duka la dawa za mifugo. Pale dukani amechora ng'ombe ambaye ukipita kulia anakutazama, ukipita kushoto anakutazama, watoto wanakimbia mbele yake kujaribu kumkwepa. Lakini kidato cha nne kijana alipata ziro. Baba aliuza madume mawili kwa ajili ya ada, sasa anataka mtoto arudie mtihani, mtoto anataka rangi. Nyumbani hawasemezani. Mama ndiye anayepeleka ujumbe, "baba yako anasema", "mwambie baba". Baba akanijia jioni.

"Wewe mwandishi anakusikiliza. Mwambie hakuna mtu aliyewahi kujenga nyumba kwa rangi."

Nikamwambia mzee, hilo siwezi kumwambia, ila nikae naye nimsimulie mtu mmoja, na wewe ukae usikilize. Wakakaa, kila mmoja akitazama upande wake. Niliyowasimulia ndiyo haya.

Escher naye alikuwa mbumbumbu wa shule. Alisoma Arnhem, akarudia darasa mara mbili, na mtihani wa mwisho akafeli. Hisabati, ambayo leo maprofesa wake wanatundika picha za Escher ofisini, ilimshinda. Baba yake alikuwa mhandisi, na alitamani kijana awe angalau msanifu wa majengo. Mwaka 1919 akampeleka chuo cha Haarlem kwa ajili hiyo. Hakukaa sana. Mwalimu wa kuchora na kupiga chapa, Samuel Jessurun de Mesquita, aliona kazi zake, akasema kijana huyu si wa majengo, niachieni mimi. Na wazazi wakakubali. Hapo nilimwona jirani yangu anakohoa.

Kupiga chapa, kwa asiyejua, si kuchora na kuondoka. Unachonga ubao, unaacha sehemu za kushika wino, na kila kitu unakichonga kinyume, kama ule muhuri wa ofisi ya kijiji ambao herufi zake huwezi kuzisoma mpaka ugonge. Kazi ya majuma. Kosa moja la patasi, ubao wote hasara. Wengine alivyofanya, yale Maporomoko mojawapo, ni kwa kuchora juu ya jiwe kwa kalamu ya mafuta kisha kulipiga chapa karatasini. Na jamaa alikuwa mashoto!

Akahamia Italia, akaoa mwaka 1924 binti aitwaye Jetta Umiker, wakakaa Roma, wakazaa. Alikuwa anazunguka vijiji vya milimani kwa miguu akichora majabali na nyumba. Hela haikuwepo ya maana. Baba yake ndiye aliyekuwa akimsaidia, mtu mzima mwenye mke na watoto. Mwaka 1935 wakaondoka, maana mtoto wa kwanza alikuwa akilazimishwa shuleni kuvaa sare ya vijana wa Mussolini, na Escher hakulipenda jambo hilo. Wakaenda Uswisi. Theluji kila upande, nyeupe tupu, hakuna cha kuchora, mtu akanyong'onyea. Unajua alifanyaje? Aliiandikia kampuni ya meli akaomba yeye na mkewe wasafirishwe, nauli atalipa kwa picha. Na kampuni ikakubali! Jirani yangu alipofika hapo alimtazama mwanawe kwa mara ya kwanza jioni ile.

Safari hiyo ya 1936 ndiyo iliyomgeuza. Alifika Granada, Hispania, kwenye kasri la Alhambra walilojenga watawala wa Kiislamu. Alikwishaliona mwaka 1922, safari hii yeye na mkewe walikaa siku kadhaa wakinakili nakshi za vigae vya kutani. Msomaji aliyewahi kusimama mbele ya mlango wa kale wa Zanzibar anaijua ladha yenyewe, maumbo yanayojirudia na kushikana bila nafasi katikati. Mafundi wale hawakuchora viumbe. Escher akajiuliza, je, vipande hivyo vikiwa ndege? Vikiwa mijusi? Mwaka 1938 akachonga Mchana na Usiku: mashamba yanapanda taratibu yanageuka ndege, weupe wakiruka kuelekea usiku, weusi wakiruka kuelekea mchana, na nafasi iliyopo kati ya ndege weupe ndiyo ndege weusi wenyewe.

Huku kwetu somo hilo linapita barabarani kila msimu likiwa na miguu minne. Yale mabishano kwamba pundamilia ni mweupe mwenye mistari myeusi au mweusi mwenye mistari myeupe ni Escher mtupu. Na mistari ile si urembo. Mwaka 2019 mtaalamu Tim Caro, aliyefanya utafiti wa wanyama Tanzania miaka mingi, na wenzake walitoa matokeo ya kuwavisha farasi huko Uingereza makoti ya mistari ya pundamilia. Nzi wang'atao walikuja hadi karibu, lakini kutua kwenye koti wakashindwa, wengi wakapitiliza au kugonga. Kiinimacho kinachookoa damu.

Lakini turudi kwa mwalimu, maana ndipo jioni ile nyumba ilipokuwa kimya. De Mesquita alikuwa Myahudi. Wajerumani walipoishika Uholanzi, Escher, ambaye tangu 1941 alikuwa amerudi kuishi mji wa Baarn, aliendelea kumtembelea mzee wake. Mapema mwaka 1944 akakuta nyumba tupu. Mzee, mkewe na mtoto wao walikuwa wamechukuliwa usiku, na hakuna aliyerudi. Mzee na mkewe waliuawa Auschwitz. Karatasi za kazi zake zilikuwa zimetapakaa sakafuni zikikanyagwa. Escher akaziokota alizoweza, akazihifadhi, na baada ya vita akashiriki kuziandalia maonyesho. Moja ilikuwa na alama ya buti la askari wa Kijerumani. Hiyo hakuitoa kwa mtu, akakaa nayo maisha yake yote. Kijana wa mabango aliuliza, "Hakuisafisha?" Nikamwambia hapana, aliiacha na buti lake.

Sifa zilikuja lini? Mwaka 1951, magazeti makubwa ya Marekani, Time na Life, yalipomwandika. Alikuwa na miaka 52. Baba yake alikwishafariki, mwaka 1939. Maagizo ya picha yakamiminika hadi akawa analalamika kwamba badala ya kubuni anashinda akirudia chapa za zamani.

Basi jirani yangu akauliza swali lake moja tu. "Huyo baba yake alikuwa na ng'ombe wangapi?"

"Hakuwa na ng'ombe, mzee. Alikuwa mhandisi wa serikali."

"Ahaa."

Ahaa ile, msomaji wangu, ilikuwa nzito. Na kwa kweli ana haki. Mimi si miongoni mwa wale wanaomwambia kila kijana "fuata kipaji chako" halafu wanaenda zao kulala. Kipaji cha Escher kililipiwa, mwezi baada ya mwezi, na mtu aliyekufa bila kuona faida. Ukimtajia mfugaji sifa za Mholanzi, mtajie na gharama. Lakini pia siafiki kwamba ziro ya mtihani ni hukumu ya kichwa chote. Nimemwambia kijana mbele ya baba yake kwamba mtu yule alikuwa anakaa na ubao mmoja majuma mazima, na kwamba ng'ombe wa dukani ni mzuri ila kwato zake ni za mbuzi. Alikasirika. Kesho yake nikamwona mnadani amechuchumaa na daftari, anachora kwato.

Walichoafikiana ni chao. Nijuavyo, mtamba mmoja ameuzwa, na si wa ada yote: nusu ni ya kurudia masomo matatu, hisabati ikiwemo, nusu ni ya rangi na mbao. Mama amepumzika kupeleka ujumbe.

Nimalizie ya Escher. Uzeeni alikuwa na watu wawili aliowashangaa: wanahisabati waliosema ameeleza mambo yao, na vijana wenye nywele ndefu walionakili picha zake kwenye fulana. Mwaka 1969 Mick Jagger, mwimbaji wa Rolling Stones, alimwandikia kuomba picha ya jalada la santuri, akamwita kwa jina lake la kwanza, Maurits, kama wamecheza gololi pamoja. Mzee wa miaka 70 na ushee! Akakataa, na akaagiza Bwana Jagger aambiwe kwamba kwake yeye si Maurits. Wazazi wa Kiswahili mtaelewa, kijana hakutoa shikamoo.

Ndoa haikuishia vizuri. Mwaka 1968 Jetta aliondoka akarudi Uswisi, baada ya miaka arobaini na zaidi ya kuishi na mtu ambaye akiwa na ubao mbele yake hakuna aliyeruhusiwa kuingia chumbani. Mwaka huo huo ndipo nchi yake ilipomfanyia kwa mara ya kwanza maonyesho makubwa ya kazi zake zote, mjini The Hague, akiwa na miaka 70. Alihamia makao ya wasanii wazee huko Laren, akafariki tarehe 27 Machi 1972. Tangu 2002 kasri la zamani la kifalme pale The Hague limekuwa jumba la makumbusho ya kazi zake.

Na yale maji? Mwenyewe alitania kwamba mwenye kinu hana gharama yoyote, ila mara moja moja atie ndoo moja ya maji, kufidia yanayokauka kwa jua. Nimempelekea salamu hiyo mzee wa Kibatemi kwa mtu anayekwenda Digodigo, na jibu limerudi: hata ndoo moja inatakiwa iamuliwe na wenamiji.

Dada wa Karatu uliyeandika kuhusu mume anayeficha mshahara ndani ya gunia la mbegu, barua yako nimeipata. Vuta subira, zamu yako ni wiki ijayo.